Paka alibaki kwenye laptopu: kisa cha taa ya vifaranga

Simu iliingia saa tano kasorobo usiku. "Mjomba, shikamoo. Taa imekataa kuzima."

Mpwa wangu yuko kidato cha tatu, na sauti yake ilikuwa ya mtu aliyekwisha kulia akanyamaza. Nikamwambia achomoe plagi ukutani, afunue bruda (boksi la kulelea vifaranga kwa joto la taa), awawekee vifaranga maji mapya, asubuhi ningefika. Akasema Bibi alishachomoa kitambo. Bibi yake ni mama yangu, hajawahi kusubiri ushauri wa fundi. Vifaranga walikuwa 60, umri wa siku 5. Kulipokucha wakahesabiwa 56.

Naliandika jambo hili kwa sababu mimi ndiye niliyemfundisha binti huyo kuendesha bodi za Arduino, vile vikompyuta vidogo vya kuendeshea vifaa, kwa bloku za kuburuta kwenye skrini, na kosa lililowaua wale 4 nililipanda mimi, Jumamosi baada ya Jumamosi, bila kujua.

Kifaa chenyewe

Bruda ni boksi la plaiwudi, urefu mita 1, upana sentimita 60, maranda chini, balbu 2 za wati 100 zikining'inia katikati. Tuko Iringa, Julai, kwa hiyo juu kuna blanketi; aliyewahi kulala Kihesa mwezi wa saba anajua kwa nini. Bodi ni nakala ya Arduino Uno, zile za bei nafuu zenye chipu ya CH340 upande wa USB. Sensa ya joto ni LM35, imechomekwa pini A0, moja ya matundu ya bodi ya kuingizia vipimo. Balbu zinawashwa na kuzimwa na rilei, swichi inayoendeshwa kwa umeme, ile ya boksi la bluu juu ya kibao kidogo, inayopokea amri kutoka pini 13. Nyaya za umeme wa volti 230 nilizifunga mimi mwenyewe nikazifungia kwenye kopo la plastiki. Hayo ndiyo yalikuwa makubaliano: yeye atagusa volti 5, mimi nitagusa zilizobaki.

Programu aliiandika kwa S4A. Kwa asiyeifahamu: Scratch, lugha ya bloku ya rangi rangi iliyotoka maabara ya MIT huko Marekani mwaka 2007, iliwapa watoto uwezo wa kupanga programu kama anayepanga matofali, na paka wa rangi ya chungwa anatii kila unachopanga. Watu wa Citilab, kituo kilichoko Cornellà jirani na Barcelona, wakaichukua wakaiongezea bloku za kuongea na Arduino. Hiyo ndiyo S4A, yaani Scratch for Arduino. Ni nyepesi, inakubali laptopu kuukuu, na mtoto anawasha taa yake ya kwanza ndani ya dakika 10. Naipenda mpaka leo.

Programu ya mpwa wangu ilikuwa fupi, na kusema kweli ilikuwa nzuri. Milele: kama A0 inazidi 72, washa pini 13, kama A0 iko chini ya 66, zima pini 13. Kando yake paka anataja joto kwenye kiputo chake cha maneno, na likipita nyuzi 38 analia nyau.

Hizo namba 72 na 66 hakuzibuni. LM35 inatoa millivolti 10 kwa kila nyuzi moja ya Selsiasi. Bodi inazikata volti 5 katika hatua 1024, kila hatua karibu millivolti 4.9. Hatua 72 ni kama millivolti 351, yaani nyuzi 35; hatua 66 ni nyuzi 32 na kitu. Vifaranga wa wiki ya kwanza wanataka hapo hapo, kati ya 32 na 35, halafu unashuka kama nyuzi 3 kila wiki. Mwanzoni alikuwa ameweka namba moja tu, rilei ikawa inapiga ta-ta-ta-ta kama cherehani kila joto lilipofika mpakani. Akaitenganisha ikawa mbili. Hilo sikumfundisha.

Sasa rudi usome tena ile programu. Joto likizidi, *washa* pini. Joto likipungua, *zima* pini. Si nimekosea kuandika. Vibao vingi vya rilei vya bei nafuu vinafanya kazi kinyume: pini ikiwa sifuri rilei inavuta na balbu inawaka, pini ikiwa na volti 5 rilei inaachia. Binti aligundua hivyo siku ya kwanza, akageuza bloku zake, akaendelea na maisha. Nilipomuuliza alinijibu, "Mjomba, yenyewe iko kinyume, nimeshaizoea." Nikacheka. Kicheko hicho nimekikumbuka mara nyingi tangu siku ile.

Mchana ule, na usiku wake

Jumamosi nzima mashine ilifanya kazi. Walikaa nayo pale barazani, yeye na Bibi, laptopu juu ya stuli, paka akisema 33, 34, 35, rilei ikilia tak, balbu zikizima, baadaye tak tena, zikiwaka. Bibi alivutiwa na paka kuliko kitu kingine chochote.

Jioni kaka yake alitaka laptopu yake. Ilikuwa yake kweli, ya chuo. Binti akachomoa waya wa USB kwenye laptopu akauchomeka kwenye chaja ya simu. Taa ndogo ya bodi ikawaka. Rilei ikapiga tak mara kadhaa, kisha balbu zote mbili zikawaka.

"Inafanya kazi," Bibi akasema, wakaenda kula.

Kati ya hapo na saa nne na nusu usiku hakuna aliyefunua blanketi. Bibi alipofunua aliwakuta vifaranga wamebanana kwenye kuta za boksi, mbali na taa kadiri walivyoweza, midomo wazi, mabawa wameyaachia. Kipimajoto cha kuning'iniza kilisoma 43. Mfugaji yeyote anaisoma picha hiyo bila kipimajoto: wakilundikana chini ya taa wana baridi, wakiikimbia taa wanaungua.

Nilichokikuta asubuhi

Nilifika mapema. "Kamwene," Mama akanipokea, na kabla ya chai akanionyesha ndoo yenye vifaranga 4. Hakusema kitu.

Dhana yangu ya kwanza ilikuwa rilei imeganda. Hutokea: vyuma vya ndani vinavyogusana vinaungana kwa cheche, ukikata amri havisikii. Nikawasha, balbu zikawaka, nikachomoa waya wa amri kwenye kibao cha rilei. Tak. Balbu zikazima. Rilei haikuwa na tatizo lolote, na mimi nilikuwa nimeshaanza kupiga hesabu ya kununua nyingine.

Dhana ya pili, sensa. Nikaweka mita ya kupimia volti kwenye mguu wa kati wa LM35: volti 0.19, nyuzi 19. Ndivyo jikoni kulivyokuwa. Nikaizungushia kipande cha nailoni, nikaibana kwenye kikombe cha chai aliyonipa Mama. Namba ikapanda mpaka 0.41. Sensa nzima kabisa. Balbu zilikuwa bado zinawaka, ingawa sensa ilikuwa inapiga kelele kwamba ni nyuzi 41.

Hapo ndipo nikaiangalia bodi kwa macho ya kuiangalia. Taa yake ndogo iliyoandikwa TX ilikuwa inapepesa, haraka, bila kupumzika. TX inapepesa bodi inapotuma habari. Ilikuwa inamtumia nani? Upande wa pili wa waya ilikuwepo chaja ya simu.

Nikaomba laptopu, kaka mtu akaitoa bila neno. Nikachomeka, nikafungua S4A, nikabonyeza bendera ya kijani. Kufumba na kufumbua: tak, balbu zikazima, paka akalia nyau kwa sababu ya kikombe cha chai. Nikachomoa, nikarudisha kwenye chaja. Balbu zikawaka zikabaki hivyo hivyo, chai iwe ya moto iwe ya baridi.

Mpwa wangu alikuwa amesimama nyuma yangu muda wote. Akauliza taratibu: "Kwa hiyo mjomba, paka ndiye alikuwa anazima taa?"

Ndiyo. Sikuwa na maelezo bora kuliko hayo, na nimefundisha miaka.

Programu inaishi wapi

S4A inapotumika, ndani ya bodi hakuna programu ya mwanafunzi hata chembe. Kilichomo ni programu ndogo ya S4A yenyewe, inayopakiwa mara moja tu mwanzoni, na kazi yake ni utarishi: kusoma pini za kuingiza, kupeleka namba kwa kompyuta, kupokea majibu, kuyaweka kwenye pini za kutoa. Mawasiliano hayo yanakwenda na kurudi kila baada ya millisekunde 75 hivi. Bloku za "kama" na "milele", zile namba 72 na 66, akili yote hiyo inakaa kwenye laptopu pamoja na paka. Laptopu ikiondoka, tarishi anabaki mlangoni na bahasha mkononi, anagonga, hakuna wa kufungua. Ile TX iliyokuwa inapepesa ndiyo huko kugonga.

Na tarishi asiyepewa amri anaziacha pini za kutoa zikiwa sifuri. Kwa kibao cha rilei kilicho kinyume, sifuri maana yake washa.

Ukitaka kujua nini hasa kiliua, ni hapo mambo mawili yalipokutana. Kila moja peke yake lisingefika popote. Kama rilei ingekuwa ya kawaida, balbu zingekataa kuwaka jioni ile ile, Bibi angeuliza mbona giza, nami ningepigiwa simu saa moja usiku tukacheka. Kama bodi ingekuwa na programu yake ndani, ukinyume wa rilei usingekuwa na madhara. Yalipokutana, ubovu ukavaa nguo za uzima: jioni kuna baridi, taa inatakiwa iwake, imewaka. Nani angeshuku?

Sitaki mtu asome hapa akadhani naiponda S4A. Iliundwa hivyo kwa makusudi, na kwa darasani ni jambo zuri mno: unabadilisha namba kwenye bloku na taa inabadilika hapo hapo, hakuna kusubiri kupakia, hakuna ujumbe mwekundu wa makosa. Mtoto anajifunza kwa kuchezea. Lawama yangu iko kwingine. Bloku zina sura moja popote zinapoishi. Bloku ya "washa pini 13" inayotekelezwa na laptopu na ile inayotekelezwa na bodi yenyewe zinafanana kwa rangi na kwa umbo, na hakuna kitu kwenye skrini kinachomwambia mtoto kwamba hii ni ya mezani tu, usiipeleke kwenye banda la kuku.

Ubaya huu hauko kwenye S4A pekee. Chukua micro:bit, bodi ndogo ambayo BBC iliigawa bure kwa wanafunzi wa Uingereza mwaka 2016, takriban milioni moja. Ukiipangia bloku kwa MakeCode, programu nyingine ya bloku, bloku hugeuzwa kuwa faili unaloliweka kwenye bodi kama unavyoweka wimbo kwenye flashi. Ukichomoa waya ukaweka betri, inaendelea. Ukiipangia bodi ile ile kwa Scratch, inaongea na kompyuta kwa Bluetooth, na kompyuta ikizimwa mchezo umekwisha. Bodi moja, bloku zinazofanana, makazi mawili.

Matengenezo

Tulihamia mBlock toleo la 3, ambalo nalo lilijengwa juu ya Scratch, ila lina hali ya Arduino: bloku unazipanga zile zile, upande wa kulia msimbo wa maandishi unajiandika wenyewe, kisha unabonyeza kupakia na programu inahamia ndani ya bodi.

Ilipokuja zamu ya paka, tukakwama. Bloku ya kusema kwenye kiputo na bloku ya kulia nyau haziwezi kwenda kwenye bodi. Kule hakuna skrini wala spika. Binti aliangalia akanyamaza, kisha akazitoa moja moja. Nadhani dakika ile alijifunza zaidi ya Jumamosi zangu zote. Ukitaka kujua kama bloku itaishi bila kompyuta, jiulize inahitaji nini: kama inahitaji paka, inabaki. Badala ya nyau tukaweka kizumio kidogo cha shilingi chache.

Jambo lingine tulilibadilisha hapo hapo. Pini 13 ina taa yake kwenye bodi, na kila bodi inapoanza, programu yake ya uwashaji huipepesa taa hiyo mara kadhaa. Kwa sababu rilei ilikuwa kwenye pini hiyo hiyo, ndiyo maana ilipiga tak-tak mwanzoni ile jioni. Tukahamia pini 10, rilei ikatulia.

Usiku uliofuata nililala pale. Taa iliwaka na kuzima yenyewe, laptopu ikiwa imefungwa kabatini. Lakini saa nane Bibi aliniamsha: vifaranga wamelundikana. Kipimajoto kilisoma 31 na balbu zilikuwa zimezimwa.

Hapa nilitaka kukata tamaa, ila mita ilinipa jibu haraka. Laptopu ilikuwa inaipa bodi volti 5 kamili. Chaja, na ule waya wake mwembamba, ilikuwa inatoa 4.7. Bodi haijui, inaigawa volti yoyote iliyopewa katika hatua 1024 na kuiita 5. Kwa hiyo hatua 72 sasa ilikuwa millivolti 330, yaani nyuzi 33, na hatua 66 ilikuwa nyuzi 30. Bruda zima lilikuwa limeshushwa nyuzi 2 na chaja ya simu.

Njia ya mkato ilikuwa kuongeza zile namba. Niliikataa, kwa sababu kesho mtu atabadilisha chaja. Ndani ya chipu ya Uno kuna kipimo chake cha karibu volti 1.1 kisichojali chaja inatoa nini, na unaweza kuiambia bodi ilinganishe sensa na hicho. Shida ni kwamba katika bloku za mBlock hatukuona yoyote ya kufanya hivyo. Tulifika ukingoni.

Basi tukabonyeza kile kitufe cha kufungua msimbo ndani ya Arduino IDE, programu ya kuandikia bodi hizi kwa maandishi. Binti akaona programu yake, ile ile, kwa maandishi. Akaitafuta namba 72, akaipata, akatabasamu. Akaongeza mstari mmoja kwenye sehemu ya mwanzo, `analogReference(INTERNAL);`, herufi kwa herufi, akasahau nukta-mkato, akapata ujumbe mwekundu wake wa kwanza, akaurekebisha. Kwa kipimo kipya hatua moja ni kama millivolti 1.07, kwa hiyo nyuzi 35 ikawa hatua 326 na nyuzi 32 ikawa 298. Kile kipimo cha 1.1 kinatofautiana kidogo kutoka chipu hadi chipu, tukalinganisha na kipimajoto cha Bibi na kusogeza namba kidogo. Faida ya pembeni: sasa bodi inaona tofauti ya sehemu moja ya kumi ya nyuzi, awali iliona nusu nyuzi.

Matengenezo ninayoyaamini zaidi lakini hayakuwa na umeme ndani yake. Balbu za wati 100 tulizitoa tukaweka za 60, ili hata zikiwaka usiku kucha zisiweze kuchemsha boksi. Tukaongeza boksi likawa mita 1 na nusu, taa upande mmoja, blanketi likifunika nusu tu, ili kifaranga mwenye joto awe na pa kwenda. Wafugaji wa zamani walikuwa wanafanya hivyo kabla ya sensa yoyote. Mama alikuwa ananitazama ninavyopima kwa futi, akasema hivyo ndivyo alivyotaka tangu mwanzo, ila mjukuu alisema joto litasambaa na sensa itachanganyikiwa.

Jumamosi iliyofuata, kabla ya wanafunzi wangu wengine kugusa bloku hata moja, niliwasha taa kwa S4A mbele yao nikawaambia wachomoe laptopu. Taa ikazima. Nikawasha nyingine iliyopakiwa kwa mBlock, wakachomoa, wakaweka betri. Ikaendelea kupepesa. Sikueleza chochote, waligombana wenyewe dakika 20 kuhusu sababu. Na kifaa chochote kitakachoachwa peke yake usiku, siku hizi hakitoki kwangu mpaka kimekaa saa kadhaa kwa chaja ile ile na waya ule ule kitakaotumia huko kinakokwenda.

Vifaranga 56 wamefika wiki ya tatu wote. Binti sasa ameanza kuuliza maswali ya usiku. Juzi, tukiwa jikoni, aliuliza: "Mjomba, na umeme ukikatika je?"

Nikaanza kueleza habari za betri ya gari na inveta. Mama hakunisubiri nimalize. Alinyoosha kidole kwenye kona, kwenye chungu chake cha udongo kilichojaa mkaa, majivu yakiwa tayari pembeni.